Nyota, Wachukuzi wa Maji na Kiambishi hu-

Kuanzia tarehe 21 hadi 28 Septemba 2025 mji wa Kigali ulipokea mashindano ya dunia ya baiskeli za barabarani, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza kwa mashindano hayo kufanyika barani Afrika. Masomo yalisimama kwa wiki nzima. Wanafunzi wetu wa kozi ya tafsiri walikaa kandokando ya barabara wakipiga kelele, na waliporudi darasani hawakuwa na hamu ya kitu kingine. Mmoja akaniuliza: «Mwalimu, hakuna filamu ya baiskeli tunayoweza kuitafsiri badala ya hotuba hizi za mawaziri?» Nikakumbuka filamu moja ya Kidenmaki niliyoiona zamani, yenye manukuu ya Kiingereza. Nikaileta. Makala haya ni matunda ya majuma manne tuliyokaa nayo. Naomba yasomwe kama uhakiki wa filamu, ingawa sarufi itaingia humo pasipo kualikwa.

Filamu yenyewe inaitwa Stjernerne og vandbærerne, yaani «Nyota na wachukuzi wa maji». Aliyeitengeneza ni Jørgen Leth, mshairi na mwelekezi wa filamu aliyezaliwa Aarhus mwaka 1937 na kufariki mwishoni mwa Septemba 2025, siku zilezile ambazo sisi huku Kigali tulikuwa tukifagia makaratasi ya mashindano. Kwa watu wa Denmark alikuwa pia sauti ya televisheni: kwa miaka mingi aliwatangazia mashindano ya Tour de France. Filamu hii ilipigwa mwaka 1973 katika Mzunguko wa Italia, Giro d'Italia, na inachukua kama saa moja na nusu. Ndani yake Leth anamfuata hasa Mdenmaki mmoja, Ole Ritter, mtu ambaye wakati huo alijulikana na kila mwananchi mwenzake.

Ni filamu ya hali halisi, ya aina ile ambayo kamera hukaa pembeni na kutazama. Ritter hakalishwi kitini aulizwe alizaliwa wapi na mama yake alimlea vipi. Tunamwona akiwa kazini na katika kujiandaa kwa kazi, basi. Lakini tofauti na filamu nyingi za jamii hii, ambazo mwelekezi hunyamaza kabisa, hapa mwelekezi anasema. Sauti ya Leth mwenyewe inatembea juu ya picha tangu mwanzo hadi mwisho, kwa utulivu, kwa sentensi fupi, kama mzee anayesimulia jambo ambalo kila mtu analijua lakini anapenda kulisikia tena. Sauti hiyo ndiyo iliyotutia taabuni.

Taabu ilianza na jina. Nilipoandika ubaoni «wachukuzi wa maji» darasa zima lilicheka. Katika nchi yetu mtu mwenye baiskeli na maji si fumbo. Ni kijana anayepandisha kilima akisukuma baiskeli yenye madumu manne au matano ya manjano, jasho likimtoka, na anayelipwa kwa kila dumu. Wanafunzi walidhani filamu inamhusu huyo. Nikawaeleza kwamba katika mbio za baiskeli za Ulaya, kila timu ina nahodha mmoja au wawili wanaotafuta ushindi, na wengine wote ni wa kuwasaidia. Hurudi nyuma kwenye gari la timu, hujaza chupa za maji mifukoni na kifuani, kisha hupambana kurudi mbele kulifikia kundi na kumgawia nahodha. Humkinga upepo. Nahodha akipata pancha humpa gurudumu lao. Jioni jina lao halitajwi. «Kumbe ni yuleyule,» akasema mwanafunzi mmoja, «ila hana madumu.» Sikuwa na jibu la kumpinga.

Kila lugha imempa mtu huyu jina kwa jicho lake. Wafaransa humwita «domestique», mtumishi wa nyumbani. Waitaliano husema «gregario», neno linalotokana na jina la Kilatini la kundi la mifugo. Yeye ni mmoja wa kundi, kama ng'ombe asiye na kengele. Wadenmaki ndio waliotazama mkono wake na kuona ameshika nini: «vand» ni maji, «bærer» ni mwenye kubeba. Na Kiswahili je? «Mchota maji» halifai, maana kuchota ni kule kisimani, na huyu hachoti, anabeba. «Mteka maji» lina hatari yake tamu, kwa kuwa kuteka ni kuchota na pia ni kunyang'anya. Miaka ile waendesha baiskeli waliwahi hata kuvamia mikahawa ya njiani na kutoka na chupa bila kulipa, jambo ambalo Mfaransa Louis Malle alilionyesha mwaka 1962 katika filamu yake fupi Vive le Tour. «Hamali» linanukia bandari. «Mpagazi» nalipenda, lakini ni zito mno: linakuja na misafara yote ya karne ya 19, na vile vitabu ambavyo mzungu mmoja ana jina na sura nzima, na watu mia mbili waliobeba mizigo yake ni «wapagazi» tu. Tulichagua «mchukuzi wa maji» kwa kuwa halikumuudhi yeyote. Sifa hiyo, nakiri, si ya kujivunia katika tafsiri.

Sasa tuingie kwenye mbio. Giro ya mwaka 1973 ilianzia Verviers, Ubelgiji, tarehe 18 Mei, ikaishia Trieste tarehe 9 Juni. Kwa upande wa ushindani haikuwa na taharuki kubwa. Mbelgiji Eddy Merckx aliongoza tangu hatua ya kwanza hadi ya mwisho. Wa pili alikuwa Felice Gimondi wa Italia, na wa tatu kijana Giovanni Battaglin. Mhispania José Manuel Fuente, mtu mwembamba wa milimani, alichukua taji la wapanda milima. Leth analijua tatizo hilo la ukosefu wa taharuki na hajaribu kulificha. Merckx anaonyeshwa kama hali ya hewa: yupo, na wengine wote wanapanga maisha yao kwa kumzingatia. Fuente anapotoroka peke yake milimani sauti ya msimulizi inapanda kidogo, na muziki wa Gunner Møller Pedersen unapanda nayo. Hizo ni sehemu nzuri, lakini si kwa ajili yake nimekaa kuandika.

Naandika kwa ajili ya Ritter. Tukirejelea jina la filamu, mtazamaji atajiuliza mara moja: huyu ni nyota au ni mchukuzi wa maji? Kwao Denmark hakuna aliyekuwa na shaka. Mwaka 1968 katika mji wa Mexico aliendesha baiskeli umbali wa kilomita 48.653 kwa saa moja, rekodi ya dunia. Alikwishashinda hatua za Giro miaka ya nyuma. Alikuwa bingwa wa mbio dhidi ya saa, zile ambazo kila mtu hutoka peke yake na kupimwa kwa muda. Lakini mwaka 1973 alikuwa mwajiriwa wa timu ya Kiitaliano, Bianchi, iliyovaa jezi za samawati-kijani, na timu hiyo ilikuwa ya Gimondi. Humo alikuwamo pia Marino Basso, bingwa wa dunia wa mwaka 1972, akiwa na jezi yake ya milia ya upinde wa mvua. Kwa hiyo shujaa wa taifa zima la Denmark, akivuka mpaka, alikuwa mtu wa kumfanyia kazi mtu mwingine. Ni nyota ugenini kwa muda wa siku moja au mbili, na kwa siku zilizobaki ni mchukuzi.

Hapa ndipo filamu inapoonyesha akili yake. Leth angeweza kumtengenezea Ritter wasifu wa kumsifu, maana watazamaji wake wa Denmark wangemshukuru. Tunaujua wasifu wa namna hiyo vizuri, kwa sababu ndio tunaowafundisha watoto wa sekondari kuuandika: kuzaliwa, shule, vyeti, vyeo, tuzo, na aya ya mwisho ya pongezi. Mwanafunzi anapata alama 15 kati ya 20 na mhusika anabaki hajulikani. Leth anafanya kinyume. Anamrudisha Ritter ndani ya kundi, anamwacha apotee humo, na kwa dakika kadhaa mtazamaji anamtafuta kwa jicho kati ya migongo mingi. Unapompata tena unafurahi kana kwamba umemwona ndugu sokoni. Sijui wasifu wa maandishi unaoweza kufanya hivyo kwa urahisi. Labda tunapaswa kuutafuta.

Nimesema sarufi itaingia. Iliingia tulipofika sehemu inayoeleza kazi ya wachukuzi wa maji. Niliwagawa wanafunzi makundi mawili. Kundi moja litafsiri maelezo yanayohusu nyota, jingine yanayohusu wachukuzi. Sikuwapa maelekezo yoyote kuhusu njeo. Waliporudi, kundi la kwanza lilikuwa limeandika: Merckx anatazama nyuma, Merckx anasimama juu ya pedali, Fuente anaondoka. Kundi la pili lilikuwa limeandika: mchukuzi hurudi nyuma, hupokea chupa, husubiri, hutoa gurudumu lake. Kila kitenzi cha nyota kilikuwa na -na-. Kila kitenzi cha mchukuzi kilikuwa na hu-.

Ieleweke kwamba Kidenmaki hakikuwalazimisha. Kidenmaki kina wakati uliopo mmoja tu, unaotumika kwa jambo linalotendeka sasa hivi na kwa jambo la mazoea. Zaidi ya hayo, kitenzi chake hakibadiliki kufuata nafsi: mimi, wewe, yeye, wao, wote ni «bærer». Na jina la mwenye kubeba ni «bærer» vilevile. Mtu na kazi yake vimekuwa neno moja. Manukuu ya Kiingereza nayo hayasaidii sana, kwa sababu wakati uliopo wa Kiingereza unabeba mazoea na matangazo ya mpira kwa pamoja. Ni Kiswahili kilichowataka wanafunzi wachague, nao wakachagua bila kujua kwamba wanachagua.

Na tutazame walichokichagua. Kiambishi hu- cha mazoea ndicho pekee katika vitenzi vyetu vya kawaida kinachofukuza kiambishi cha nafsi. Tunasema ninabeba, anabeba, wanabeba. Lakini mimi hubeba, yeye hubeba, wao hubeba. Ukiliondoa jina la mbele hakibaki chochote cha kukuambia ni nani, ni mmoja au ni mia. Ndiyo maana methali zinakipenda: hazitaki mtu, zinataka kanuni. «Mchumia juani hulia kivulini.» Katika filamu hii methali hiyo imegawanyika watu wawili: mmoja anachuma juani na mwingine anakula kivulini. Basi wanafunzi wangu walikuwa wamefanya kwa viambishi jambo lilelile ambalo filamu inalifanya kwa picha. Nyota ana tukio. Mchukuzi ana mazoea. Nyota anapoanguka ni habari; mchukuzi huanguka.

Nilijiuliza kama kosa ni letu au ni la Leth. Nilirudia sehemu ile mara nne. Jibu langu ni kwamba ni la Leth kwa kiasi kikubwa, na kwamba yeye mwenyewe analijua nusu. Sauti yake inapowaeleza wachukuzi inawapenda. Haiwadharau hata kidogo, na mtazamaji anatoka na heshima kwa kazi yao ambayo hakuwa nayo kabla. Lakini ni heshima kwa aina ya mtu. Kamera inakwenda kwenye chupa, kwenye mikono, kwenye migongo iliyovimba kwa mizigo ya maji. Wengi wao tunawajua kwa kazi kuliko kwa majina. Msimulizi anawasemea, na anawasemea vizuri mno, hata mtu asingeona haja ya wao kusema.

Siwezi kulipita jambo hili bila kutaja lingine. Mwaka 2005 Leth alichapisha kumbukumbu zake, na humo akaandika kuhusu uhusiano wake na msichana wa familia iliyomtumikia nchini Haiti, alikokuwa akiishi. Zogo lilikuwa kubwa Denmark. Aliacha kazi yake ya ukonseli wa heshima, na utangazaji wa televisheni ukakatika kwa miaka kadhaa. Mtu anaweza kusema hilo halihusiani na filamu ya baiskeli iliyotangulia kwa zaidi ya miaka 30. Mimi naona linahusiana kwa namna hii: mtu mwenye sauti nzuri ya kusimulia, akiwasimulia wanaomtumikia, huwa hawaachii nafasi ya kujibu. Ukitazama filamu hii baada ya kuyajua hayo, utulivu wa sauti ile unasikika tofauti. Haiharibiki filamu, lakini haiwi ileile.

Hata hivyo iko sura moja ambayo inavunja mpango huu, na ndiyo iliyonifanya niiweke filamu katika mtalaa badala ya kuirudisha kabatini. Ni sura ya mbio dhidi ya saa, iliyofanyika Forte dei Marmi, mji wa pwani ya Toscana. Waendesha baiskeli wenyewe huliita shindano la namna hii shindano la ukweli, kwa sababu hakuna wa kukukinga upepo wala wa kukuletea chupa. Hii ndiyo siku ya Ritter. Leth anapunguza mwendo. Tunaangalia maandalizi: mwili, miguu, baiskeli nyepesi kuliko ya kila siku, fundi anayegusa kila kitu mara mbili. Msimulizi anaeleza kila kifaa kana kwamba ni vyombo vya ibada. Kisha Ritter anaondoka, na tunabaki nyuma yake, mgongo wake ukiwa umelala bapa kama meza, barabara tupu mbele.

Mwanafunzi aliyekuwa akitafsiri sura hiyo, binti mkimya wa kundi la pili, alikwama. Alikuwa ameandika kote Ritter «hubeba», «husaidia», «husubiri». Sasa alitaka kusema kwamba siku hii mambo ni tofauti, na akagundua kwamba hu- haina ukanushi wake. Huwezi kukikanusha kiambishi hicho kikiwa palepale. Ili useme siyo, unalazimika kumrudisha mtu: sibebi, habebi, hawabebi. Akaandika: «Leo Ritter habebi maji ya mtu.» Darasa likanyamaza, nami nikanyamaza. Kiambishi cha nafsi kilichokuwa kimefichwa kwa dakika 60 za filamu kilirudi kwa kukataa. Sentensi hiyo haimo katika maelezo ya Leth, na kwa sheria za tafsiri ningepaswa kuikata. Sikuikata.

Na ukweli wa shindano la ukweli ulikuwa nini? Aliyeshinda hatua ile alikuwa Gimondi, nahodha wake mwenyewe. Siku pekee ambayo mchukuzi hakubeba maji ya nahodha, nahodha alifika mbele bila kubebewa. Mtunzi wa riwaya angeogopa kuandika hivyo, asije akaambiwa anatafuta kejeli. Leth hakuwa na la kufanya, maana ndivyo ilivyotokea, na kwa busara hakukazia. Naona hapo ndipo alipomheshimu Ritter kuliko mahali pengine popote: hakumwombea huruma, wala hakumtafutia udhuru.

Wanaotaka kumjua Ritter zaidi watafute filamu ya pili ya Leth juu yake, Den umulige time, «Saa isiyowezekana». Ni fupi, na kwa maoni yangu kama picha ya mtu mmoja ni bora zaidi. Mwaka 1972 Merckx alikwenda Mexico akaivunja rekodi ya saa moja kwa kwenda kilomita 49.431. Mwaka 1974 Ritter alirudi katika uwanja uleule wa mbao wa Agustín Melgar, uliojengwa kwa ajili ya Olimpiki ya 1968, kujaribu kuirudisha. Kati ya rekodi yake ya zamani na ile ya Merckx palikuwa na mita 778, umbali ambao mtu huutembea kwa dakika kumi akiwa hana haraka. Alijaribu zaidi ya mara moja. Alipita kilomita zake za mwaka 1968. Za Merckx hakuzifikia. Alimshinda Ole Ritter, basi.

Katika filamu hiyo hakuna mchukuzi wala nahodha. Kuna mtu, mviringo wa mbao, saa, na watu wachache wanaosoma namba kwa sauti. Kwa mwalimu wa lugha ina faida moja ambayo ile ya kwanza haina: wakati wenyewe umekuwa mhusika. Nimeitumia kufundisha tofauti kati ya -me- na -li-, na kati ya «alikuwa akiendesha» na «aliendesha», na sijawahi kuona mifano ya kitabu ikifanya kazi kwa wepesi ule. Mwanafunzi hahitaji kuambiwa kwa nini kuna tofauti kati ya «amepita» na «alipita» pale ambapo mtu anapumua kwa shida na namba inabadilika.

Narudi kwenye kasoro za ile ya kwanza, maana mhakiki asiyetaja kasoro anaandika tangazo. Sura za katikati zinarefuka. Kuna siku za tambarare ambazo hata msimulizi anaonekana amechoka, na sifa za ushujaa zinaanza kujirudia. Leth ana tabia ya kuwaita watu hawa kwa lugha ya hekaya, na baada ya hekaya ya nane mtu anatamani kumsikia mmoja wao akilalamika kuhusu mshahara. Wanawake hawamo, isipokuwa kandokando ya barabara. Na kuna suala la kazi yenyewe: hatuelezwi mchukuzi wa maji alilipwa kiasi gani, wala nini kilimpata alipokuwa hawezi tena kubeba. Leth hakuwa kipofu kwa mambo ya kazi na ujira. Katika filamu yake kuhusu mbio za Paris–Roubaix za mwaka 1976, wafanyakazi wa kiwanda cha uchapishaji waliogoma wanasimama barabarani na mbio zinasimama, naye anawapiga picha bila haraka na bila kuwakasirikia. Angeweza kuwauliza wachukuzi wa maji swali hilohilo miaka mitatu kabla.

Nimeulizwa na mwalimu mwenzangu, mzee wa fasihi simulizi ambaye hapendi filamu, kwa nini nisimwache Mdenmaki na baiskeli yake nikawapa wanafunzi kazi ya kumwandika kijana wa madumu hapo kilimani. Nimemjibu kwamba tumefanya vyote viwili, na kwamba cha pili kisingefanyika vizuri bila cha kwanza. Kazi ya mwisho ya kozi ilikuwa kuandika wasifu wa mtu anayebeba kitu, kurasa mbili, kwa sharti moja: kiambishi hu- kisitumike hata mara moja. Walilalamika sana. Mmoja alisema haiwezekani kumweleza mtu wa kazi bila hu-, kwa sababu kazi ni ileile kila siku. Nikamwambia basi achague siku moja. Alirudi baada ya wiki na kurasa tatu juu ya mama yake mdogo, anayebeba ndizi kutoka soko la jumla, na siku ambayo ndizi zililoa na hakuna aliyenunua. Nilijifunza jina la mama huyo, bei ya mkungu, na kwamba siku hiyo alirudi kwa miguu. Kurasa hizo hatuzichapishi hapa kwa sababu mwenyewe amekataa.

Tafsiri yetu ya maelezo ya Stjernerne og vandbærerne imefika sura ya Forte dei Marmi na bado inaendelea. Kwa sasa tumeamua kwamba Ritter atachukua -na- kila anapoonekana kwenye picha, hata akiwa amebeba chupa, na kwamba wachukuzi wengine watachukua -na- pale tunapoweza kuziona nyuso zao. Wanapoonekana migongo tu tumebishana, na kura zimegawanyika nusu kwa nusu. Neno «mchukuzi wa maji» nalo bado limewekwa kwa penseli. Walimu na wanafunzi walio na neno bora, hasa wanaotoka pwani au upande wa Kivu ambako baiskeli na mizigo vina msamiati wake, wanaombwa walilete idarani kabla ya muhula kufungwa.